Shukrani kwa mwenye daftari la wageni

Tunakushukuru wewe uliyeshika orodha ya wageni wa sherehe yetu tangu kadi za mwaliko zilipotoka. Wengi hudhani ni kuhesabu majina tu. Ugumu uko kwenye kadi ya watu wawili inayoleta watu wanne, na kwa wanaothibitisha wakati mpishi ameshapewa idadi. Ulifunga hesabu wiki moja kabla, ukapanga majina kwa alfabeti ili foleni isisimame mlangoni, ukaacha meza moja ya watu 10 bila majina kwa watakaozidi. Meza hiyo huokoa aibu nyingi mno! Wapigapicha, madereva na wanamuziki nao uliwahesabia chakula, jambo linalosahaulika sana. Na mashangazi wawili wasiosalimiana ukawaweka pande mbili za ukumbi, wote wakacheza. Ahsante sana, ubarikiwe.