Shukrani kwa Mliotufariji Msibani, na Jibu Kuhusu Jezi Namba 42

Familia ya marehemu baba yetu, mkulima wa kahawa hapa Mbozi, inawashukuru nyote mliokuwa nasi tangu siku za kumuuguza hadi tulipompumzisha. Asanteni madaktari na wauguzi mliohangaika na kisukari chake, wachungaji na wanakwaya, majirani mliolala matangani, akina mama mliopika na kuteka maji, vijana mliochimba kaburi kwenye ardhi ngumu ya kiangazi, na wenzake wa chama cha msingi mliosimamisha kupokea kahawa ili mumsindikize. Ndugu wa Mbeya na Dar es Salaam, rambirambi zenu zilitufikia.

Wengi mliuliza kwa nini jeneza lilifunikwa kwa jezi ya mchezo usiochezwa hapa kwetu. Tuliahidi kujibu.

Namba 42 ilikuwa ya Jackie Robinson, mchezaji wa besiboli wa Marekani. Tarehe 15 Aprili 1947 aliingia uwanjani na Brooklyn Dodgers, mtu mweusi wa kwanza kucheza ligi kuu katika karne ya 20. Alitukanwa, akatishiwa kuuawa, na bado mwaka 1949 akawa mchezaji bora wa ligi yake, na mwaka 1955 timu yake ikatwaa ubingwa. Hayo baba aliyapitia haraka. Simulizi yake hasa ilianzia 1957, Jackie alipotundika gongo lake la besiboli na kuwa makamu wa rais wa Chock full o'Nuts, kampuni ya kahawa ya New York. Hapo baba alikaa vizuri kitini.

Alitueleza jinsi Jackie alivyoshiriki kuanzisha Freedom National Bank huko Harlem, mtaa wa weusi jijini New York, mwaka 1964, ili weusi waliokuwa wakinyimwa mikopo wapate pa kukopa. Na kampuni ya kujenga nyumba za watu wa kipato kidogo mwaka 1970. Kisukari kilikuwa kikimmaliza Jackie, macho yakififia, na mwaka 1971 alimzika kifungua mimba wake. Hata hivyo Oktoba 1972, akipewa heshima uwanjani Cincinnati, alisema mbele ya umati kwamba anasubiri kumwona mweusi akiongoza timu ya ligi kuu kama kocha mkuu. Siku tisa baadaye alifariki, akiwa na miaka 53. Mwaka 1975 nafasi hiyo ilimwendea Frank Robinson, asiye ndugu yake.

David, mwana wa Jackie, alihamia Tanzania, akalima kahawa papa hapa Mbozi na kuungana na wakulima wadogo kuitafutia soko Marekani. Kwa njia ya kahawa hiyo ndipo jina la Jackie lilipomfikia baba, na kila mkutano wa chama ulipojaa manung'uniko ya bei, alilitaja. Sisi wanawe tunaamini ndiyo sababu hakuwahi kung'oa mibuni yake, hata miaka ile jirani waling'oa. Mpwa wetu aliye Marekani ndiye aliyemtumia jezi.

Rambirambi zilizobaki, kwa kauli moja ya familia, zitawanunulia dawa za kisukari wazee wa chama wasio na bima. Ibada ya shukrani itafanyika nyumbani kwa marehemu Jumamosi ijayo, saa nne asubuhi. Hatuwezi kumtaja kila mmoja kwa jina; tunaomba mzipokee shukrani hizi, na mje. Karibuni sana.