Risala ya Kamati ya Klabu ya Riadha ya Wasichana kwa Mgeni Rasmi, Njombe

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Mheshimiwa Diwani, Mtendaji wa Kata, Mkuu wa Shule, viongozi wetu wa dini, wazazi, nanyi wanariadha mlioketi kwenye nyasi kwa kuwa viti vyote vimekwenda meza kuu: Kamwene!

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, tunakushukuru kwa kukubali mwaliko wetu, na tunakushukuru zaidi kwa kufika. Waliowahi kukubali ni wengi.

Historia yetu ni fupi. Klabu ilianzishwa na mwalimu wetu wa michezo baada ya kusikia redioni kwamba Faith Kipyegon wa Kenya amechukua dhahabu ya mita 1500 kwenye Olimpiki ya Rio mwaka 2016. Aliwatazama mabinti wa hapa, wanaopanda na kushuka vilima kila alfajiri kwenda shule, kwenye baridi hii ya karibu mita 2,000 juu ya usawa wa bahari, akasema mapafu tunayo, kilichobaki ni mazoezi. Nchi yetu nayo si ngeni katika mbio hizi. Filbert Bayi aliweka rekodi ya dunia ya mita 1500 Christchurch mwaka 1974, na Mwinga Mwanjala alikimbia mita 800 kwenye Olimpiki ya Moscow mwaka 1980. Sisi tunajihesabu katika ukoo huo.

Mafanikio ni makubwa. Katika ngazi ya kata hakuna anayetufikia kwa mita 800 wala 1500, hasa miaka ambayo shule nyingine hupata usafiri wa kuja kushindana. Tunayo stopwochi inayofanya kazi. Na wapo mabinti waliokuwa wamekwisha kufungashiwa mizigo kwenda Dar es Salaam kufanya kazi za ndani ambao wazazi wao walikubali kuwabakiza shuleni kwa sababu ya mbio. Hilo kamati inalihesabu kuwa medali, hata kama halikuvalishwa mtu shingoni.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, sasa tuseme tulichokuitia.

Hatuna uwanja wa kukimbilia. Tunazunguka uwanja wa mpira, nao umeinama kuelekea bondeni, kiasi kwamba upande mmoja binti anapanda na upande wa pili anasukumwa na mteremko. Tumeupima kwa kamba: mzunguko haufiki mita 400. Huenda mtu akasema mbio ni mbio. Lakini mita 1500 ni mizunguko mitatu na robo tatu ya uwanja kamili, na mkimbiaji wa masafa ya kati hujifunza kugawa nguvu zake kwa mzunguko. Wetu wamejifunza kwa mzunguko wa uongo. Wakifika wilayani kwa UMISSETA, mashindano ya michezo ya shule za sekondari, wanatoka kwa kasi ya nyumbani na pumzi inawaishia kengele ya mwisho ikigongwa.

Mita 800 ndiyo inayouma zaidi. Sheria inamtaka mkimbiaji abaki kwenye njia yake mpaka amalize kona ya kwanza, ndipo aingie ndani. Binti yetu mmoja, ambaye yupo hapa na hatutamsimamisha, alikata kuingia ndani mapema, akaongoza mbio nzima, kisha jina lake likafutwa. Wapo waliomcheka. Angejulia wapi, Mheshimiwa, wakati hajawahi kuona njia iliyochorwa chokaa mpaka siku ile?

Haya si mageni kwa meza kuu. Mgeni rasmi mmoja aliyekutangulia aliyasikia, akasimama hapo ulipo, akaahidi greda. Tulipiga vigelegele. Na kwa haki yake tuseme, greda lilikuja. Lilisukuma udongo asubuhi moja, likaishiwa dizeli, likaondoka kwa kukokotwa. Udongo ule ungalipo, umeota nyasi, umekaa kwenye kona ya pili, na wanariadha wanaukwepa. Wanafunzi wamekipa kilima hicho jina ambalo kwa heshima ya wageni hatutalitaja.

Mwingine alitupa mawaidha. Alisema Kipyegon alikimbia peku kwenye mbio za nyika za dunia, Bydgoszcz, Poland, mwaka 2010, akashika nafasi ya nne kwa vijana, basi tusitafute visingizio. Ni kweli tupu, na tulimpigia makofi. Ila hiyo ilikuwa nyika. Dhahabu zake tatu za Olimpiki, za Rio, Tokyo na Paris, na rekodi ya dunia ya mita 1500 ya 3:48.68 aliyoiweka huko Eugene, Marekani, mwaka 2025, amezipata kwenye uwanja uliopimwa, akiwa amevaa viatu. Peku alianzia, Mheshimiwa, hakubakia huko.

Kwa hiyo hatuombi jezi, maana jezi tumeletewa, zenye picha za walioleta. Hatuombi tatani, ule mpira unaotandikwa kwenye viwanja vikubwa vya riadha, tunajua bei yake. Tunaomba greda mpaka kazi iishe, dizeli ikiwemo ndani ya tangi. Mashine ya kushindilia. Malori ya kifusi. Na mfereji wa upande wa juu wa kuzuia maji. Eneo linalotakiwa ni kama mita 177 kwa 93, na Serikali ya Kijiji imekwisha kulitenga. Wazazi wameshasomba mawe ya mfereji. Chokaa tutanunua wenyewe.

Mvua zinaanza Novemba. Greda likija baada ya hapo litakwama, nasi tutakuwa na kilima cha pili.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, tumemwomba mshereheshaji akupitishe kwenye kona ya pili kabla ya chakula. Tunaomba pia, utakapojibu risala hii, ututajie tarehe. Katibu ameketi nyuma yako na daftari.

Tunaomba kuwasilisha.