Kabla Hujanunua Sensa ya Usukani, Tuangalie Kwanza Sifuri Iko Wapi

Mteja anaingia gereji na boksi mkononi. Ndani mna sensa ya usukani, mpya, bado imefungwa kwenye nailoni yake. "Nifungieni hii," anasema. Nani kakwambia ya zamani imekufa? "Mashine." Fundi fulani alichomeka mashine ya kusoma makosa ya gari, mashine ikaandika sensa ya pembe ya usukani, fundi akamwandikia jina la kipuri kwenye karatasi. Basi.

Tunampokea, tunamkalisha, boksi tunaliweka juu ya meza bila kulifungua. Mara nyingi linabaki hivyo hivyo mpaka anaondoka nalo.

Makala haya ni kwa ajili yake, na kwa kila mwenye gari lililowasha ile taa ya njano yenye picha ya kigari na mistari miwili iliyojipinda nyuma yake, pengine pamoja na taa ya ABS (mfumo wa kuzuia magurudumu yasikwame ukifunga breki) au maandishi kwamba mfumo wa kuzuia kuteleza umezimwa. Mashine ikitaja sensa ya usukani, imekwambia pa kuanzia kutafuta tu. Ni sawa na mgonjwa anayesema tumbo linamuuma: hujajua bado kama ni vidonda, minyoo au njaa.

Sensa yenyewe kazi yake nini

Ukizungusha usukani, sensa hii ndiyo inayoiambia kompyuta unataka kwenda wapi: umekata nyuzi ngapi, upande gani, haraka au taratibu. Sensa nyingine, ambayo kwa kawaida hufungwa katikati ya gari chini ya konsoli au kiti, hupima bodi inavyozunguka. Nyingine nne ziko magurudumuni zikihesabu mwendo wa kila gurudumu. Kompyuta inalinganisha habari hizo zote mara nyingi kwa kila sekunde. Umekata kushoto lakini gari linang'ang'ania kwenda mbele? Itabana breki ya gurudumu la nyuma upande wa ndani wa kona. Mkia unataka kukupita? Itabana la mbele, upande wa nje. Wewe utahisi tu gari limetulia.

Mfumo huu wa kuzuia kuteleza ulianza kwenye Mercedes-Benz S-Class mwaka 1995, ukiwa umetengenezwa pamoja na Bosch. Tangu Novemba 2014, kila gari jipya linalosajiliwa Umoja wa Ulaya lazima liwe nao, na Marekani ililazimisha mapema zaidi kidogo. Kwa hiyo kama gari lako si la zamani sana, huenda unao hata kama hujawahi kuuwaza.

Sasa chukua gari linalokwenda moja kwa moja barabarani huku sensa ikisema dereva amekata nyuzi 11 kulia. Bodi haizunguki, magurudumu yanakwenda sawasawa, lakini usukani unadai kuna kona. Kompyuta haijui nani mkweli, na inaona heri ijizime kuliko kubana breki kwa habari ya uongo. Hapo ndipo taa inapowaka. Kuna wateja waliotueleza kwamba siku chache kabla ya taa kuwaka, breki ilitetemeka yenyewe kwenye kona ndogo tu, gari likiwa mwendo wa kawaida. Kompyuta ilikuwa ikiokoa gari ambalo halikuwa hatarini.

Kwenye magari mengi sensa imekaa kwenye nguzo ya usukani, nyuma tu ya usukani wenyewe, na aghalabu imeunganishwa na ule utepe wa nyaya uliojiviringisha unaopeleka umeme kwenye honi, vitufe na mfuko wa hewa. Ndani ya zile za sumaku mna vigurudumu viwili vya meno, na idadi ya meno yao hailingani. Sababu yake inapendeza: usukani huzunguka zaidi ya mara moja kila upande, kwa hiyo sensa lazima itofautishe nyuzi 10 na nyuzi 370, ambazo kwa macho usukani umekaa vilevile. Kwa kuwa meno hayalingani, vigurudumu hivyo viwili havirudii kukaa pamoja kwa namna ileile mpaka usukani uzunguke mizunguko mingi, na kompyuta hujua ni mzunguko wa ngapi. Aina nyingine hutumia mwanga unaopita kwenye kisahani chenye matundu. Zote mbili hazina sehemu kubwa ya kusagika, ndiyo maana hatuharakishi kuzilaumu.

Tunaanza na maswali

Kabla ya mashine tunauliza: gari lilifanyiwa nini kabla taa haijawaka? Wateja wengi hujibu "hakuna", kisha tukikaa dakika tano linatoka. Betri ilibadilishwa Jumamosi. Tairodi, vile vyuma vinavyosukuma magurudumu ukikata usukani, zilifungwa mpya. Usukani uliwahi kutolewa ili honi itengenezwe. Walifanya alaimenti (kunyoosha magurudumu), na tangu siku hiyo usukani umekaa upande kidogo, "lakini nimeshazoea". Hilo la kuzoea tunalipenda sana, maana mara nyingi ndilo jibu lenyewe.

Kisha betri. Ikiwa imepumzika tunatarajia kama volti 12.6, na injini ikiwaka chaji iwe takriban kati ya 13.5 na 14.7. Betri dhaifu hufanya kompyuta nyingi za gari zilalamike kwa wakati mmoja. Ukiona orodha ya kodi (namba za makosa) kumi na mbili zilizotokea asubuhi moja, usinunue vipuri kumi na viwili.

Halafu ndiyo mashine, na hapa kuna jambo la kujua. Vile vidude vidogo vya kuunganisha na simu vingi husoma injini tu, yaani kodi zinazoanza na herufi P. Usukani na breki ziko kwenye kodi za C, na mawasiliano kati ya kompyuta za gari yapo kwenye U. Ndiyo maana mtu anasema "nimepima, haina kosa lolote" huku taa inamtazama. Mashine inayofaa lazima iingie kwenye kompyuta ya ABS na ya usukani.

Kodi zenyewe hazisemi kitu kimoja. C0051 inalalamikia sensa ya mkao wa usukani au waya zake. U0126 inasema kompyuta nyingine hazisikii chochote kutoka kwenye sensa, na hiyo huweza kuwa fyuzi, waya au plagi iliyolegea. Kuna magari yenye kodi yake maalumu ya kusema sifuri, yaani namba ya usukani ukiwa umenyooka, haijawekwa, na hiyo kwa kawaida haihitaji kipuri chochote. Fundi aliyekwambia "sensa" bila kukwambia kodi, mrudie akupe kodi.

Namba zinazotembea

Sehemu hii ndiyo inayotoa jibu, na ndiyo inayorukwa zaidi. Tunafungua ukurasa wa mashine unaoonyesha usomaji wa moja kwa moja, gari tunaliendesha taratibu kwenye sehemu iliyonyooka, mtu wa pili anasoma. Gari likienda moja kwa moja bila kuvuta, namba inapaswa kuwa sifuri au karibu yake kabisa. Kisha tunasimama, tunazungusha usukani polepole mpaka mwisho kushoto, halafu mpaka mwisho kulia. Namba ipande taratibu, ishara igeuke ya kutoa au ya kujumlisha tukivuka katikati, na mwisho wa pande zote mbili zikaribiane. Kwenye gari moja inaweza kuishia nyuzi 480, jingine 540. Ukubwa si hoja, hoja ni pande mbili kulingana.

Wiki chache zilizopita tulikuwa na gari lililoletwa kwa kodi ya sensa ya usukani. Tulipokwenda moja kwa moja mashine ilisoma -11. Tukakata kushoto: ikapanda bila kuruka hata mara moja. Tukarudi katikati: -11 tena, haikusogea. Sensa hiyo ilikuwa nzima kabisa. Ilikuwa ikisema kweli kwamba usukani umepinda nyuzi 11, kwa sababu ulikuwa umepinda. Tairodi moja ilikuwa imefungwa ndefu kuliko mwenzake, aliyeifunga hakumaliza alaimenti, na mwenye gari alikuwa akiendesha ameshika usukani upande.

Picha nyingine ni ya namba inayoruka: 38, 39, 41, mara 300, mara 42. Au inayoganda mahali pamoja huku unazungusha. Au mistari mitupu, hakuna usomaji. Hapo sasa tunaingia kwenye waya. Fyuzi, umeme unaofika kwenye plagi, na ardhi, yaani waya unaorudisha umeme kwenye betri. Ardhi tunaipima ikiwa na mzigo, maana waya wenye uzi mmoja uliobaki utaonyesha volti nzuri mpaka uudai kazi. Kwenye nyaya mbili za mtandao wa CAN, ambazo kompyuta za gari huzungumzia, betri ikiwa imetolewa, mita isome kama omu 60. Ikisoma 120 kuna mahali pamekatika. Ikisoma karibu na sifuri nyaya mbili zimegusana. Na chini ya nguzo ya usukani tunatafuta mikono ya watu: waliofunga alamu, redio, au taa za ziada, wakachuna waya na kuzungushia gundi ya plastiki. Hatuna ugomvi na mafundi wa alamu, ila tungependa wangetuachia waya bila kuzichuna.

Tunakagua pia majirani wa sensa. Tairi mbili za saizi tofauti kwenye ekseli moja humdanganya mhesabu mwendo. Sensa ya mzunguko wa bodi ikitolewa wakati konsoli inasafishwa, kisha ikarudishwa bila kukazwa au imegeuka, itatoa malalamiko yanayofanana na ya usukani.

Kuweka sifuri, na kosa linalofanywa

Kosa ni kuweka sifuri kwenye usukani uliopinda. Mashine itakubali, taa itazima, utalipa, utaondoka. Umeifundisha kompyuta kwamba kupinda ndiko kunyooka. Siku atakapokuja fundi mwingine akanyoosha magurudumu, taa itarudi na atalaumiwa yeye. Kwetu mpangilio ni mmoja: kwanza bushi, boljointi na tairodi zisiwe na uchezaji, kisha alaimenti mpaka usukani usimame sawa, ndipo sifuri.

Kazi yenyewe ni fupi. Gari kwenye sakafu tambarare, magurudumu yamenyooka, betri ina nguvu, hakuna anayeegemea bodi wala kufungafunga milango. Kuegemea kunaharibu kwa sababu kwenye magari mengi sensa ya mzunguko wa bodi nayo inawekewa sifuri papo hapo, na inahisi mwinamo. Magari mengine hayahitaji mashine: unazungusha usukani mwisho kwa mwisho, unaendesha umbali mfupi ulionyooka, taa inazima yenyewe. Hiyo ndiyo dawa ya wengi waliobadilisha betri, na unaweza kuijaribu kabla ya kuja kwetu. Ikizima na isirudi, hatuna la kukufanyia.

Sensa ikithibitika imekufa, tunabadilisha, na hii si kazi ya kujifunzia nyumbani. Mfuko wa hewa uko mbele yake. Betri inatolewa, unasubiriwa muda uliowekwa na mtengenezaji ili umeme uliobaki uishe, ndipo usukani unaguswa. Ule utepe wa nyaya lazima uwe katikati yake wakati wa kufunga. Tuliletewa gari ambalo utepe ulifungwa bila kuwekwa katikati. Dereva alipokata usukani mpaka mwisho wakati wa kuegesha, ulikatika. Alikwenda na taa moja, akaja kwetu na tatu, na honi hailii. Sensa ya mtumba nayo tunaikubali kama namba ya kipuri inalingana herufi kwa herufi, na tunakueleza mapema kwamba kwenye magari mengine haitatambuliwa mpaka iandikishwe kwenye kompyuta.

Wengi huuliza kama wanaweza kuendelea kuendesha. Taa ya njano peke yake, breki zako za kawaida bado zipo, ila hakuna wa kukushika ukiteleza, kwa hiyo mvua ikinyesha punguza mwendo na acha nafasi kubwa mbele yako. Kama usukani umekuwa mzito ghafla, au taa nyekundu ya breki imewaka, usiendeshe. Tupigie tuone namna ya kulifikisha gereji.

Ukija, piga picha dashibodi taa zikiwa zimewaka, na usifute kodi wala kutoa waya wa betri "ili lijisahau", maana unafuta ushahidi, na kwenye magari mengine unapoteza hata sifuri iliyokuwa nzuri. Tuambie kila kilichofunguliwa kwenye gari mwezi uliopita, hata kama ni redio. Na kama sensa umeshainunua, ije ikiwa kwenye nailoni yake pamoja na risiti, ili ikionekana haihitajiki duka lisikose sababu ya kuipokea.