Barua kwa Hamisi: mtazame Ulrich Mühe

Swahiba yangu Hamisi,

Salamu nyingi kutoka Tanga. Huku tu wazima, mama naye anakusalimia. Nimecheka peke yangu niliposoma kwamba mwongozaji wenu anakufokea kila mazoezi: "Punguza! Unacheza mpelelezi au unatangaza mpira?" Basi ukitaka wa kukufundisha kupunguza, mtafute Mjerumani mmoja, marehemu sasa, Ulrich Mühe.

Alizaliwa 1953 Grimma, mji mdogo wa Ujerumani Mashariki, baba yake fundi wa kushona manyoya. Kabla ya uigizaji alisomea ujenzi, kisha jeshi likampanga kulinda Ukuta wa Berlin. Hebu fikiria: kijana anayewaza jukwaa, kashikishwa bunduki awazuie wananchi wenzake wasivuke. Vidonda vya tumbo vikamwandama huko huko, akaachishwa. Ndipo akasomea uigizaji Leipzig, akaanzia kazi mji wa Karl-Marx-Stadt, na mwaka 1982 Heiner Müller, mwandishi na mwongozaji mkubwa wa kule, akamvuta Berlin. Mwaka uliofuata alikuwa Deutsches Theater, jumba la maigizo la huko Berlin, na haikuchukua muda akawa ndiye watu wanayemwendea.

Mimi kinachonivutia zaidi ni mwaka 1989. Mwezi wa Oktoba, Ukuta ungali umesimama, alipanda jukwaa la Deutsches Theater akawasomea watu kitabu cha Walter Janka, mchapishaji ambaye serikali ile ile ilimfunga miaka ya 1950. Tarehe 4 Novemba wasanii wa maigizo wakaongoza maandamano makubwa kwenye uwanja wa Alexanderplatz, Berlin, naye akawa miongoni mwa waliohutubia. Siku tano baadaye Ukuta ukafunguka. Na katikati ya vurumai hiyo yote alikuwa na mazoezi ya Hamlet, tamthiliya ya Shakespeare, Müller akiongoza! Walipofungua pazia Machi 1990, onyesho lilidumu kwa muda wa karibu saa nane, na nchi waliyoanzia mazoezi ilikuwa inakata roho.

Filamu nitakayokutumia kwenye flashi ni Das Leben der Anderen, ya 2006. Humo yeye ni kapteni Wiesler wa Stasi, watu wa usalama wa Ujerumani Mashariki. Amejificha darini na hedifoni masikioni, anamsikiliza mwandishi wa tamthiliya na mpenzi wake wanaoishi chini. Koti la kijivu, zipu mpaka shingoni. Kuna mahali mwandishi anapiga piano, na chozi linamshuka Wiesler. Rudisha nyuma uangalie tena: hakunji uso, hapepesi, hafuti. Wewe hapo ungeshatoa leso, nakujua.

Alipoulizwa alijiandaaje, alijibu kwamba alikumbuka tu. Maana hata yeye Stasi walikuwa na faili lake, na ndani yake akakuta wenzake wa jukwaani waliokuwa wakimripoti. Watu wengi huishia hapo: aliteswa na mfumo, ndiyo maana aliweza. Mimi sikubali. Waliofuatiliwa walikuwa wengi mno, na Mühe alikuwa mmoja. Naona ni jukwaa lililomfunza. Mtu aliyembeba Hamlet kwa muda wa saa nane lazima ajue kuweka akiba, la sivyo atafika mwisho mikono mitupu. Ndicho anachokililia mwongozaji wenu, ingawa kwa makelele.

Ukimpenda, ana nyingine. Kwenye televisheni alicheza miaka mingi daktari wa kupasua maiti katika Der letzte Zeuge, kazi nzuri ya kuangalia ukiwa unakula, ajabu kusema. Funny Games ya 1997, aliyocheza na mkewe Susanne Lothar, usiiangalie usiku, na usimwonyeshe shemeji.

Hakukaa kuufaidi umaarufu. Februari 2007 filamu ilipata Oscar, naye alikuwepo Marekani. Akarudi Ujerumani moja kwa moja kupasuliwa, saratani ya tumbo. Julai 21 magazeti yakaandika kwamba anaumwa. Tarehe 22 akafariki, na umri wa miaka 54.

Flashi atakuletea kondakta wa basi la Ijumaa, mpe elfu mbili ya soda. Maandishi ya chini ni ya Kiingereza, itabidi usome haraka. Kisha uniambie onyesho lenu ni lini, maana safari hii sitaki kusikia kwamba viti vya mbele vimeisha.

Wako,
Athumani