Mkopeshaji anataka kujua: mwezi upi?

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi kidogo kuhusu makala yenu iliyowafundisha vijana namna ya kubuni kalenda kwa ajili ya hadithi za nchi zisizokuwepo. Ilinifikia kupitia mjukuu wangu wa kidato cha pili, ambaye tangu aisome hashikiki. Amechora nchi yake na mito yake, na angani ameiwekea miezi miwili, mdogo unaopevuka kila siku 20 na mkubwa kila siku 30. Kisha akafuata ushauri wa makala: mwaka wa miezi 12, kila mmoja siku 30 kamili, juma la siku 7, na majina yaliyojaa ritifaa, ile alama ya ng'ombe, ambayo mimi na meno yangu yaliyobaki siyawezi.

Nikamuuliza swali moja tu. Katika nchi hiyo, mwenye duka akimwambia mtu "utanilipa mwezi ujao", anamaanisha mwezi upi?

Kiswahili kimetupa neno moja kwa kile kinachoning'inia angani na kile kinachoning'inia ukutani, na hapa kwetu halijatupa taabu kubwa. Kwake lilikuwa balaa. Tukakaa barazani na kokwa za embe, tukaanza kuhesabu.

Tukianzia usiku ambao miezi yote imepevuka, itapevuka tena pamoja baada ya siku 60. Hilo alilitarajia. Ambalo hakulitarajia ni kwamba haiji kamwe kufichika usiku mmoja. Mdogo hufichika siku ya 10, 30 na 50. Mkubwa siku ya 15 na 45. Basi hakuna usiku mzima wa giza nchi nzima, milele. Mimi nimekulia kwa wavuvi wa dagaa. Dagaa huvuliwa kwa taa wakati wa giza. Mbalamwezi ikishika, taa haivuti kitu na watu hukaa pwani wakishona nyavu. Katika nchi ya mjukuu wangu mvuvi wa dagaa anagombania saa chache tu kati ya mwezi mmoja kutua na mwingine kuchomoza. Hapo ana hadithi tayari, na hajaandika hata jina moja lenye ritifaa. Halafu kila siku ya 30 jua na miezi yote hujipanga mstari mmoja, nalo bamvua la siku hiyo, yale maji makubwa ya bahari, litaingia mpaka jikoni. Mtu gani wa pwani atakosa jina la siku hiyo?

(Mwezi wetu wa kweli hauna adabu namna hii. Ni siku 29 na nusu hivi, ndiyo maana mwaka wa Kiislamu una siku 354 na Ramadhani hurudi nyuma takriban siku 11 kila mwaka wa jua. Nilimshauri naye aongeze nusu siku. Kokwa hazikutosha.)

Sasa, Mhariri, 20 na 30 zote zinagawanyika kwa 10. Watu wa nchi ile hawana sababu ya kuwa na juma la siku 7, wangehesabu makumi. Nikacheka, maana ndivyo walivyohesabu wazee wetu. Mwaka wa Nairuzi, kalenda ya jua ya watu wa pwani, ule ambao Makunduchi ya Unguja bado wanausherehekea kwa sherehe ya Mwaka Kogwa, ulikuwa na miongo 36, kila mwongo siku 10, na siku 5 za nyongeza mwishoni. Mkulima alijua mwongo wa kupanda, nahodha alijua siku ya kuondoka kabla upepo haujageuka. Ahmad ibn Majid, nahodha wa Kiarabu wa karne ya 15, alitaja nyakati za safari kwa kuhesabu siku za Nairuzi.

Tena kalenda ile ina ufa, na ufa wenyewe ndio utamu wake. Ni siku 365 bila mwaka mrefu, kwa hiyo kila miaka 4 inachomoka siku moja. Katika karne ya 19 Siku ya Mwaka, yaani siku ya kwanza ya Nairuzi, ilikuwa ikiangukia Agosti; leo ni Julai. Mpeni kijana ufa kama huo: kuhani anasema ni mwongo wa kupanda, mkulima anatazama mbingu kavu na kusema si kweli. Makala yenu ilisisitiza kalenda iwe nyepesi isimchanganye msomaji. Msomaji gani huyo? Sisi tunaishi na juma ambamo Jumatano ni ya tano, na kesho yake ni Alhamisi, ambayo kwa Kiarabu nayo ni ya tano. Hakuna aliyewahi kukosa gulio kwa sababu hiyo. Anayeangalia vizuri ataona hesabu mbili, moja inayoanzia Jumamosi na nyingine Jumapili, zimekutana pwani na hakuna iliyokubali kusalimu amri. Waigbo wa Nigeria wana juma la siku 4, nalo linakwenda na masoko yao.

Kalenda nadhifu mliyoipendekeza ilijaribiwa kweli, Ufaransa, kuanzia 1793. Miezi 12 ya siku 30, kila mwezi makumi matatu, na siku chache za kujazia. Ilikuwa safi kama meza ya karani. Ila mtu aliyezoea kupumzika siku moja katika 7 aliambiwa sasa apumzike moja katika 10, na Januari 1806 ilikuwa imeshafutwa.

Ninachoomba ni makala ya pili, na safari hii ianzie kwa anayehitaji kujua leo ni siku gani: mvuvi, mkopeshaji, mama mwenye mimba. Majina yatakuja yenyewe. Mjukuu wangu ameshayafuta yote na amebaki na moja tu, Bamvua la Miezi. Mwaka wake nao ameuongezea siku 5 zisizo na mwongo, na tangu jana ananiuliza mtoto aliyezaliwa katika siku hizo atahesabiwa umri vipi. Nimemwambia asubiri, nimemwandikia mhariri.

Babu wa mwandishi,
Pangani