Karatasi ya bluu bado haijafutwa

Ndugu Mhariri,

Kila yanapotajwa madhila ya wanajeshi mashoga wa Marekani, watu husema yaliisha Septemba 20, 2011, sera ya "Usiulize, Usiseme", iliyowaruhusu kutumikia ilimradi wafiche ushoga wao, ilipokoma. Sera ilikoma, ndiyo. Vyeti vya waliotimuliwa havikufutika nayo.

Wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia, askari aliyebainika kuwa shoga aliweza kuachishwa bila kufikishwa mahakama ya kijeshi, akakabidhiwa cheti cha karatasi ya bluu. Hakikusema ameondoka kwa heshima wala kwa fedheha, lakini mwajiri aliyedai cheti cha jeshi aliiona rangi kabla hajasoma neno. Jeshi la nchi kavu lilitoa zaidi ya 48,000 kati ya Desemba 1941 na Juni 1945, na si kwa mashoga pekee: askari weusi, waliokuwa chini ya asilimia 7 ya jeshi, walipewa zaidi ya asilimia 22 ya vyeti hivyo. Sheria ya 1944 ya mafao ya askari wastaafu iliwanyima walioondolewa kwa fedheha tu. Hata hivyo, Aprili 1945 idara ya askari wastaafu iliagiza kwamba walioachishwa kwa karatasi ya bluu kwa sababu ya ushoga nao wakose karo na mkopo wa nyumba. Huo ulikuwa unyang'anyi.

Njia ya kuomba cheti kisahihishwe ipo. Ambaye hajapitisha miaka 15 tangu aachishwe hujaza fomu DD 293. Aliyepitisha hujaza DD 149, na marehemu huombewa na mjane au jamaa wa karibu. Kosa la kawaida ni kuomba tu kiandikwe kwamba aliondoka kwa heshima. Kwenye DD 214 ya sasa, yaani cheti cha kuachishwa jeshini, hiyo ni kisanduku cha 24 tu. Cha 28, penye sababu ya kuachishwa, hubaki kinataja ushoga, na mwajiri akidai nakala ndefu anakisoma. Visanduku vya 26 (alama ya sababu ya kuachishwa), 27 (alama ya kuruhusiwa kurudi jeshini) na 28 viombewe mabadiliko papo hapo.

Kwa askari wa vita ile kuna ukuta mwingine. Moto wa Julai 1973 kwenye hifadhi ya kumbukumbu za askari huko St. Louis, Marekani, uliteketeza takriban asilimia 80 ya mafaili ya askari wa nchi kavu walioachishwa kati ya 1912 na 1960. Basi karatasi ileile ya bluu, iliyofichwa sandukuni kwa aibu, huenda ndiyo ushahidi pekee uliobaki.

Mwaka 2023 Wizara ya Ulinzi iliahidi kuyapitia yenyewe mafaili ya enzi ya "Usiulize, Usiseme" bila kungoja maombi. Ifanye hivyo na kwa walioachishwa kabla ya hapo, tangu 1941. Aliyekuwa na miaka 20 mwaka 1944 sasa amepita 100, na bado anaambiwa ajaze fomu.