Usiufuate mpunga mwitu hadi ziwani

Mwanangu Kabula,

Shikamoo yako nimeipata, marahaba. Umeniuliza mambo mawili: utauondoaje mpunga mwitu ndani ya majaruba, yaani vitalu vyako vya mpunga, na kama ufyeke na kuchoma bonde lote hadi kwenye matete ili mpunga huo usirudi tena. La kwanza nakuunga mkono kwa nguvu zote. La pili nakuomba uliache, na nitakueleza kwa nini.

Kwanza uujue. Ukiwa mchanga hautofautiani na mpunga wako wa Supa hata kidogo. Mimi niliyezeeka katika kazi ya ugani bado nachuchumaa ili niutambue. Vuta jani mbali na shina, utazame kiutando kinachosimama pale vinapoungana. Supa nayo inacho, ila cha mpunga mwitu ni kirefu zaidi na kimechongoka. Ukibaki na shaka, chimba. Mpunga wako una mizizi ya nyuzinyuzi tu, lakini huu wa kwetu una shina jingine linalotambaa chini ya tope, lenye vifundo kama muwa. Uhai wake uko huko.

Kwa sababu ya shina hilo, kukata majani ni kujichosha. Plau ikipita udongo ukiwa umelowa, inalikatakata, na kila kipande chenye kifundo kinaota upya. Tope linaloganda kwenye plau nalo linahamishia vipande jaruba la jirani. Kwa hiyo lima mara tu ukishavuna, mvua zikiwa zimekatika lakini udongo wa mbuga haujawa mgumu kiasi cha kuwashinda ng'ombe. Lima kwa kina, mashina yafunuliwe, jua la Julai hadi Septemba liyakaushe. Yatakayobaki yaokote kwa mkono, uyachomee juu ya tuta. Ni kazi ya kuumiza mgongo, na itakubidi uirudie msimu unaofuata.

Dukani watakubembeleza ununue dawa. Ile ya kuua majani mapana haiudhuru mpunga mwitu. Ile inayoua nyasi nyingine na kuuacha mpunga wako, huuacha na huu pia, maana ni ndugu wa jenasi moja, Oryza. Ile inayoua kila jani ni ya kabla ya kupanda tu.

Halafu angalia mbegu. Kuna mpunga mwitu mwingine wa msimu mmoja, usio na shina la chini, ambao huenea kwa mbegu. Punje zake zina ndevu ndefu na hupukutika kabla hujashika mundu. Usipande mbegu uliyopimiwa sokoni bila kuichambua.

Sasa bonde. Kule chini, Mto Simiyu unapokaribia kuingia Ghuba ya Speke ya Ziwa Victoria, mpunga mwitu uko nyumbani kwake. Maji yakipanda, nao unarefuka. Yakikauka, shina la chini linasubiri mvua. Unashika tope ambalo lingeingia ziwani, na kiangazi ng'ombe wanapata jani bichi huko wakati malisho ya juu yamekwisha. Nyasi hii hii imeenea kwenye mabwawa ya Afrika kuanzia Mali hadi Madagascar.

Na kuna jambo ambalo natamani kila mkulima wetu alijue. Mpunga mwitu wa aina hii uliotoka Mali ulikutwa na kinga dhidi ya ugonjwa wa bakteria unaokausha majani ya mpunga. Mwaka 1995 Pamela Ronald na wenzake huko California waliitenga jeni yenyewe, Xa21. Wachina nao, katika jimbo la Yunnan, waliuzalisha na mpunga wa kawaida kwa ajili ya lile lile shina la chini linalotutesa. Wakapata aina ya mpunga iitwayo PR23, iliyoanza kutolewa kwa wakulima mwaka 2018: wanapanda mara moja, wanavuna mara nane kwa miaka minne. Kabula, vinasaba hivyo vilitoka kwenye nyasi unayotaka kuichoma. Wa Simiyu hauwezi kuwa sawasawa na wa Mali, na tukiumaliza hakuna duka la kuununua tena. Nikiona bonde limechomwa jeusi, moyo unaniuma.

Hata sheria haikuruhusu. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ziwani. Wengi wanalima humo, najua, lakini wewe usiwe mmoja wao.

Ninachokushauri ni tuta nene upande wa chini wa jaruba la mwisho, na mfereji mkavu mbele yake. Uusafishe kila mwaka, maana shina litajaribu kuvuka. Kuanzia hapo kushuka, acha.

Mwenye ng'ombe wa kulima anataka kujua siku, na wengine wameshaanza kumwahidi pesa. Nipigie kabla ya Jumapili nimjibu.

Mama yako